Mgomo, lango na polisi: maswali yanayoulizwa mara kwa mara kuhusu kuomba ulinzi mahakamani

Maswali haya yanatoka kwa watu wa pande mbili. Wapo mameneja wanaopiga simu saa kumi na moja alfajiri lango likiwa limefungwa kwa mawe, na wapo wawakilishi wa wafanyakazi wanaopiga saa tatu asubuhi, mkononi wana karatasi yenye muhuri ambayo hawajui imewakataza nini. Majibu yanahusu sheria ya Kenya, isipokuwa pale tulipotaja nchi nyingine. Ni ya kukupa mwanga. Kesi yako ina mambo yake, na wakili wako ndiye atakayeyasoma.

## Mambo ya msingi

1. Ombi la ulinzi wa polisi katika mgogoro wa kazi ni kitu gani hasa?

Ni ombi kwa jaji likisema kwamba pana mgogoro wa kazi, pana hatari kwa watu au mali, na kwa hiyo mahakama iwaelekeze polisi kulinda usalama au kusimamia utekelezaji wa amri. Ni nadra kulikuta limesimama peke yake. Mwajiri huanza kwa kuomba mgomo usimamishwe, kisha wafanyakazi wasizuie magari, kisha wasiwatishe wenzao. Chini kabisa, ombi la nne au la tano, ndipo unapokuta mstari unaosema OCS, yaani mkuu wa kituo fulani cha polisi, asaidie kutekeleza amri hizo. Mstari huo mmoja ndio unaozua kelele zote.

Wafanyakazi nao hupeleka maombi ya namna hii, na huwa na sababu nzuri. Tazama swali la 13.

2. Ombi linapelekwa mahakama gani?

Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi, ambayo Kifungu cha 162(2)(a) cha Katiba kimeipa hadhi sawa na Mahakama Kuu, na ambayo sheria yake ni ya 2011. Wazee wa vyama bado wanaiita Mahakama ya Viwanda, jina la mtangulizi wake aliyeanza kazi 1964. Ina majaji Nairobi, Mombasa, Kisumu, Nakuru, Kericho, Nyeri, Eldoret na miji mingine kadhaa.

Mahakimu husikiliza baadhi ya kesi za mfanyakazi mmoja mmoja, lakini suala la kuzuia mgomo liko chini ya kifungu cha 77 cha Sheria ya Mahusiano ya Kazi ya 2007, na hilo ni la jaji.

3. Kugoma si haki ya kikatiba? Polisi wanaingiaje hapo?

Ni haki. Kifungu cha 41(2)(d) kinasema kila mfanyakazi anaweza kugoma. Kifungu cha 37 kinaongeza haki ya kukusanyika, kuandamana na kusimama langoni na mabango, kwa amani na bila silaha. Maneno hayo ya mwisho ndiyo mlango wa polisi. Ukisimama nje ya kiwanda na bango na filimbi, polisi hawana kazi na wewe. Ukifunga barabara kwa magogo, au ukimshika mwenzako shati asiingie kazini, umetoka kwenye Kifungu cha 37 na umeingia kwenye Kanuni ya Adhabu.

Hapa ndipo watu wengi wanapochanganya mambo, na makosa mengi tunayoyaona yanaanzia hapa. Amri ya kuzuia mgomo ni kitu kimoja, na amri ya ulinzi wa polisi ni kitu kingine. Jaji anaweza kutoa ya pili akakataa ya kwanza. Mgomo ukawa unaendelea kihalali, wafanyakazi wako nje, polisi nao wako pale, na kila mtu yuko ndani ya sheria.

4. Mgomo halali ni upi?

Kifungu cha 76 cha Sheria ya Mahusiano ya Kazi kina masharti matatu. Mgogoro uwe unahusu masharti ya kazi au kutambuliwa kwa chama. Uwe umepitia upatanisho bila kupata suluhu. Na ilani ya maandishi ya siku 7 iwe imetolewa kwa upande wa pili na kwa Waziri wa Leba.

Mpatanishi ana siku 30 tangu ateuliwe, ila pande zikikubaliana kuongeza. Siku zikiisha bila suluhu, mgogoro unahesabiwa haujatatuliwa hata kama hakutoa cheti. Chama kingi kimejikwaa kwenye hatua hii: uongozi unahesabu siku 7 tangu siku ya mkutano wa hadhara ambapo mgomo ulitangazwa kwa kipaza sauti. Siku zinahesabiwa tangu barua ilipopokewa, kwa hiyo weka nakala iliyogongwa muhuri wa kupokelewa.

Kifungu cha 78 kinaorodhesha migomo iliyokatazwa: ule ambao haukupelekwa kwa upatanisho, ule wa jambo ambalo mkataba wa pamoja, au CBA kama tulivyozoea kuuita, umeshalimaliza, ule wa kuunga mkono mgomo wa watu wengine, na ule wa huduma muhimu (swali la 17).

5. Polisi si wana wajibu wa kulinda watu na mali hata bila amri? Kwa nini twende mahakamani?

Wana wajibu, na wapo majaji wanaokataa ombi hili kwa sababu hiyohiyo: mahakama haina haja ya kumwamuru afisa afanye kazi anayolipwa kuifanya. Kama kuna kosa la jinai, piga ripoti kituoni, pata namba ya OB, yaani ya kitabu cha matukio cha kituo, na polisi wafike.

Tatizo ni yale yanayotokea kituoni. Afisa anasikiliza, anauliza kama kuna mtu ameumia, halafu anasema, “Hayo ni mambo ya kazi, leteni court order.” Usimlaumu haraka. Akienda, chama kitasema amenunuliwa na mwajiri. Asipoenda na lori likachomwa, mkubwa wake atamuuliza alikuwa wapi. Karatasi ya mahakama inampa mahali pa kusimama.

Kuna historia pia. Mnamo Septemba 1947, katika kiwanda cha nyama cha Uplands karibu na Limuru, polisi wa kikoloni waliwafyatulia risasi wafanyakazi waliogoma na watatu wakafa. Miezi michache kabla, Januari mwaka huohuo, Mombasa nzima ilikuwa imesimama kwa mgomo mkuu, na kiongozi aliyetokana na mgomo ule, Chege Kibachia, alikamatwa Agosti. Mnamo Mei 1950 walikamatwa Makhan Singh na Fred Kubai, na Nairobi ikagoma. Mfanyakazi wa leo huenda hajui tarehe hizo, lakini akiona gari la polisi linaegeshwa langoni anajua moyoni limekuja kwa ajili ya nani. Amri iliyoandikwa vizuri, inayosema polisi wafanye nini na wasifanye nini, inampunguzia hofu hiyo kuliko simu ya meneja kwa rafiki yake kituoni.

## Kupeleka ombi

6. Mwajiri anatakiwa kuonyesha nini?

Kipimo cha amri ya muda kinatoka kwenye kesi ya Giella dhidi ya Cassman Brown ya 1973, ambayo kila wakili wa Afrika Mashariki anaikariri: kuwe na kesi yenye uzito wa kusikilizwa, kuwe na madhara ambayo fidia ya pesa haitayaponya, na jaji akibaki na shaka, apime nani ataumia zaidi.

Kwa ulinzi wa polisi, kinachobeba ombi ni ushahidi wa tishio. Hati ya kiapo inayosema “wafanyakazi wamejawa na hasira na tunahofia usalama” haina nguvu. Hasira si kosa. Niliwahi kuona kiapo kilichofanya kazi: kilitaja lori lenye namba hii, lililofika lango la pili saa kumi na mbili na dakika ishirini, dereva akaambiwa ashuke, tairi mbili zikatolewa upepo, picha hizi hapa, namba ya OB hii hapa. Jaji alisoma ukurasa mmoja tu. Wiki hiyohiyo kampuni nyingine ilileta kurasa arobaini za malalamiko kuhusu tabia za katibu wa chama, na ombi la polisi likakataliwa.

Pamoja na kiapo huenda cheti cha dharura, ambacho wakili anatia saini kueleza kwa nini jambo haliwezi kungoja foleni. Na kuna mtego ambao waajiri wanausahau: chini ya kifungu cha 77(2), asiyehudhuria mkutano wa upatanisho hawezi kuja kuomba mgomo uzuiwe. Kama meneja wako alimwacha mpatanishi akingoja, tegemea swali hilo litakuwa la kwanza.

7. Amri inaweza kutolewa bila sisi wafanyakazi kusikilizwa?

Inaweza, kwa muda mfupi. Jaji akishawishika kwamba kungoja kutaleta madhara, hutoa amri ya muda na kuweka tarehe ya karibu ya pande zote kufika. Aliyeomba kwa upande mmoja ana wajibu wa kusema kila kitu, hata kinachomwumiza. Mwajiri akificha kwamba ilani ya siku 7 ilitolewa, au kwamba mpatanishi alishatoa cheti, hiyo peke yake yaweza kuwa sababu ya amri kutenguliwa.

Ukikabidhiwa amri ya namna hii usingoje tarehe iliyoandikwa. Chama kinaweza kuomba irekebishwe au itenguliwe mara moja. Wakati unangoja, itii. Tazama swali la 12.

8. Nani anashtakiwa? Na kama mgomo hauna chama nyuma yake?

Kukiwa na chama, kinatajwa chama na mara nyingi maafisa wake kwa majina. Mgomo wa ghafla usio na mwenyewe ni mgumu zaidi. Waajiri huandika “wafanyakazi wote wa idara ya ufungaji” au hutaja watu kumi walioonekana mbele. Mahakama huruhusu amri ibandikwe langoni na kwenye mbao za matangazo, na tangu 2020 kanuni za mwenendo wa kesi za madai zinatambua barua pepe na ujumbe wa simu kama njia za kukabidhi hati. Ndiyo maana siku hizi amri hufika kwenye kikundi cha WhatsApp cha zamu ya usiku kabla haijafika mikononi mwa mtu.

Kumtaja mtu ambaye siku hiyo alikuwa likizo hutokea zaidi ya unavyodhani. Kama ni wewe, leta fomu yako ya likizo kwa wakili siku hiyohiyo.

9. Inachukua muda gani?

Hati zinawasilishwa kwa mtandao wa Mahakama, na ombi lenye dharura ya kweli laweza kufika kwa jaji siku hiyo au kesho yake. Kuamuliwa kwa mgogoro wenyewe ni habari nyingine, huenda miezi.

## Amri ikishatoka

10. Tuisome vipi amri?

Polepole, na kwa kuangalia vitenzi. Kaa chini na kalamu, pigia mstari kila kitenzi, kisha uliza: mimi nimekatazwa nini?

“Kuzuia kuingia na kutoka,” “kutishia,” “kuharibu,” “kushambulia.” Amri yenye vitenzi hivi tu haijagusa mgomo. Unaweza kubaki nje, kuimba, kushika bango, kumwomba mwenzako kwa maneno asiingie.

“Kugoma,” “kuendelea na mgomo,” “kushawishi wengine kugoma.” Hapa mgomo wenyewe umesimamishwa, na kubaki nje ni kuvunja amri hata kama hamjagusa jiwe.

“Kukaribia,” “kukusanyika ndani ya mita kadhaa kutoka langoni.” Angalia umbali unapimwa kutoka wapi. Kiwanda chenye malango matatu na amri inayosema “langoni” ni ugomvi unaongoja kutokea, na ni afadhali wakili aombe ufafanuzi kuliko kila upande kutembea na futi yake.

Kisha tafuta mstari wa polisi. “OCS adumishe amani” ni tofauti na “OCS ahakikishe amri hizi zinatekelezwa.” Wa kwanza unamweka katikati. Wa pili unamfanya msimamizi wa kila kitenzi kilicho juu yake, na kama juu yake kuna kitenzi “kugoma,” afisa atadhani kazi yake ni kuwarudisha watu kwenye mashine. Si kazi yake. Hakuna amri ya mahakama inayompa polisi mamlaka ya kumsukuma mtu hadi kwenye benchi lake la kazi. Asiyefanya kazi anakabiliwa kwa nidhamu ya kazini na kwa sheria ya kudharau mahakama.

Mwisho, tafuta mwajiri amefungwa nini. Marubani wa Kenya Airways walipogoma Novemba 2022, mahakama iliwaamuru warejee kazini kufikia saa kumi na mbili asubuhi ya tarehe 9, na hapohapo ikaiamuru menejimenti iwaruhusu kufanya kazi bila kuwasumbua wala kuwachukulia hatua za nidhamu. Wafanyakazi wengi husoma nusu ya kwanza ya amri wakakata tamaa kabla ya kufika nusu yao.

11. OCS amekataa kutekeleza. Tufanye nini?

Angalia kwanza ulimpelekea nini. Nilisimama kaunta ya kituo kimoja Ijumaa jioni na amri iliyochapishwa kutoka kwenye simu. Afisa aliigeuza, akaitazama nyuma, akaipandisha kwenye taa. “Muhuri uko wapi?” Nilimwonyesha ule wa mtandaoni. Akaniambia hajui huo, na kwamba jina la kituo lililoandikwa si lao: lango la kiwanda liko upande wao wa barabara, ila wakili alikuwa ameandika kituo cha upande wa pili. Kuhusu muhuri alikosea. Kuhusu jina la kituo alikuwa sahihi kabisa, nasi tulirudi kwa jaji Jumatatu.

Kwa hiyo: nakala iliyothibitishwa, jina sahihi la kituo, na mpeleka hati atakayeandika kiapo kwamba amemkabidhi nani na saa ngapi. Afisa akikataa bado, mwandikie kamanda wa kaunti ndogo na wa kaunti, kisha wakili arudi mahakamani. Ombi la kwanza huwa la maelekezo. La kumshtaki afisa kwa kudharau mahakama ni la mwisho, na halisimami bila uthibitisho kwamba alikabidhiwa amri iliyo wazi.

12. Tukiendelea kugoma baada ya amri ya kuzuia mgomo?

Mna hatari mbili. Ya kwanza ni ya kazini: kifungu cha 80 cha Sheria ya Mahusiano ya Kazi kinamhesabu anayeshiriki mgomo usiofuata sheria kuwa amevunja mkataba, hana malipo kwa siku hizo na anaweza kuchukuliwa hatua za nidhamu. Hata hivyo Sheria ya Ajira, kifungu cha 41, inamtaka mwajiri amsikilize mtu kabla ya kumfukuza. Kufukuza watu mia mbili kwa ujumbe mmoja wa simu ni kosa la mwajiri, na waajiri wamelipa kwa kosa hilo.

Ya pili ni kudharau mahakama. Mgomo wa madaktari ulioanza tarehe 5 Desemba 2016 ndio mfano ambao kila mtu anaukumbuka. Maafisa saba wa chama chao, KMPDU, walifungwa mwezi mmoja tarehe 13 Februari 2017 kwa kukaidi amri ya kusitisha mgomo. Siku mbili baadaye Mahakama ya Rufaa ikawaachilia ili mazungumzo yaendelee, na mgomo ukaisha tarehe 14 Machi, siku ya 100, kwa makubaliano ya kurejea kazini. Kuna wanaosema kisa kile kinaonyesha jela haifanyi kazi. Mimi nasema kinaonyesha kwamba mgogoro ulimalizwa mezani, lakini sikushauri uingie Kamiti ili kulithibitisha hilo.

## Upande wa wafanyakazi

13. Sisi wafanyakazi tunaweza kuomba ulinzi wa polisi?

Mnaweza. Mwajiri anapokodi vijana wenye rungu kuja kuvunja mkusanyiko wenu, anayehitaji ulinzi ni ninyi. Hatua ni zilezile: OB kwanza, picha, majina ya walioumia, barua ya hospitali, fomu ya P3 (ile ya polisi ambayo daktari hujaza majeraha), kisha ombi.

Tatizo likiwa polisi wenyewe, mnaleta ombi la kikatiba chini ya Kifungu cha 22, mkitaja haki za Kifungu cha 37 na 41, na mnamshtaki Inspekta Jenerali pamoja na Mwanasheria Mkuu. Kifungu cha 23 kinampa jaji uwezo wa kutoa amri za kulinda haki hizo kesi ikiendelea. Malalamiko ya kuumizwa yanapelekwa pia IPOA, mamlaka ya kuwasimamia polisi iliyoundwa kwa sheria ya 2011. Jambo hili si la kubuni: mnamo Februari 2024 katibu mkuu wa KMPDU, Davji Atellah, alijeruhiwa kichwani na mkebe wa gesi ya kutoa machozi akiwa kwenye maandamano Nairobi, na wiki mbili baadaye madaktari walianza mgomo mwingine.

14. Tunahitaji kibali cha polisi kusimama langoni?

Kibali hapana. Mkusanyiko wa hadhara au maandamano yanahitaji taarifa kwa OCS, si chini ya siku 3 wala zaidi ya siku 14 kabla, na yafanyike kati ya saa kumi na mbili asubuhi na saa kumi na mbili jioni. Hiyo ni Sheria ya Utulivu wa Umma (Public Order Act), kifungu cha 5. Wengine hubisha kwamba watu kumi wenye mabango nje ya kazini kwao si mkutano wa hadhara. Pelekeni barua tu. Nakala iliyogongwa muhuri imeokoa watu wengi kuliko hoja nzuri.

15. Nimekamatwa langoni. Sasa?

Uliza umekamatwa kwa kosa gani. Huwa ni kuzua rabsha, uchochezi, mkusanyiko usio halali au kuharibu mali. “Kugoma” peke yake si kosa la kukuweka seli, wala mgomo wako kukosa ilani ya siku 7 haukufanyi mhalifu.

Una haki ya kunyamaza, kuwasiliana na wakili, na kufikishwa mahakamani ndani ya saa 24, ila muda huo ukiishia nje ya saa za kazi au siku isiyo ya mahakama, husukumwa hadi siku ya kazi inayofuata. Ndiyo maana watu hukamatwa Ijumaa. Bondi ya polisi haina malipo. Atakayekuomba chochote, kumbuka jina lake.

## Hali zisizo za kawaida

16. Tunaishi ndani ya shamba. Amri inasema tusikaribie. Tulale wapi?

Swali hili linatoka Kericho, Bomet na Nandi, ambako wachuma chai hukaa kwenye laini za kampuni, yaani safu za nyumba za wafanyakazi, shule ya watoto iko humohumo, zahanati humohumo, na bomba la maji pia. Amri ya “msikaribie mali ya mwombaji ndani ya mita 200” ikitekelezwa neno kwa neno, inageuka kuwa ya kuwahamisha watu bila kesi ya kuwahamisha.

Sijaona jaji anayekusudia hivyo. Kinachotokea ni kwamba wakili alinakili maneno ya kesi ya kiwanda cha mjini akayapeleka shambani. Ombeni irekebishwe haraka, na muwe na ramani: chorani kwa mkono laini ziko wapi, kiwanda kiko wapi, njia ya zahanati inapita wapi. Mchoro wa kalamu ya wino kwenye karatasi ya daftari, ukiambatishwa kwenye kiapo, unamweleza jaji katika dakika moja jambo ambalo mawakili wanabishania asubuhi nzima. Mpaka irekebishwe, mwandikieni OCS kwamba mnaishi pale, mtaje laini na namba za nyumba.

17. Hospitali, maji, feri: sheria ni tofauti?

Ndiyo. Kifungu cha 81 cha Sheria ya Mahusiano ya Kazi kinakataza mgomo katika huduma muhimu, na jedwali la nne la sheria hiyo linataja maji, hospitali, uongozaji wa ndege, zimamoto na feri, miongoni mwa nyingine. Migogoro yao inakwenda mahakamani kuamuliwa. Yaliyoandikwa na yanayotendeka havifanani, kama miaka ya 2017 na 2024 ilivyoonyesha, lakini ombi la mwajiri wa sekta hizi hupita kwa urahisi zaidi.

18. Wafanyakazi wako ndani lakini wanafanya kazi kwa mwendo wa kobe. Polisi waje?

Waje kufanya nini? Mgomo baridi ni wa mahakama na wa nidhamu ya kazi.

19. Mwajiri anawalipa polisi waliopo langoni. Ni halali?

Sheria ya Huduma ya Taifa ya Polisi inamruhusu Inspekta Jenerali kuweka maafisa kwa mtu binafsi anayelipia, kwa kazi za kipolisi, na malipo yaende kwa huduma. Bahasha kwa afisa, chakula cha mchana kantini ya mameneja na mafuta ya gari la kituo ni habari nyingine. Wafanyakazi wana haki ya kuuliza kwa maandishi maafisa wale wako pale kwa amri ya mahakama, kwa mpango wa kulipiwa, au kwa ripoti ya OB.

20. Tumerudi kazini. Amri imekufa?

Haifi yenyewe. Inaishi hadi tarehe iliyotajwa, hadi kesi iishe, au hadi jaji aiondoe. Mkisaini makubaliano ya kurejea kazini, wekeni kipengele cha kuiondoa kesi na yapelekwe yasajiliwe mahakamani. Chama kimoja kilisahau, na mgomo wa mwaka uliofuata ulikutana na karatasi ya zamani ikiwa bado na meno.

21. Nchi nyingine zinafanyaje?

Tanzania imefunga mlango huu mapema. Kifungu cha 76 cha Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004 kinakataza kabisa kusimama langoni kushawishi wengine, kumfungia mwajiri ndani na kumzuia kuingia. Lakini kinamkataza pia mwajiri kuleta vibarua wa kushika nafasi za waliogoma kihalali. Chama cha Kenya kinachovutiwa na hilo la pili kisisahau lile la kwanza.

Mahali ambapo maombi ya ulinzi wa polisi yamekuwa desturi hasa ni Kerala, India. Kule wapakiaji wa mizigo wana sheria yao ya 1978 na vyama vyenye nguvu, na kulizuka mazoea ya kudai nokkukooli, yaani ujira wa kutazama: mwenye mali anashusha mzigo kwa mashine yake, wapakiaji wanasimama pembeni, kisha wanadai kulipwa. Wenye maduka na wajenzi wakawa wanakimbilia Mahakama Kuu kuomba polisi. Serikali ya jimbo ilipiga marufuku nokkukooli kuanzia tarehe 1 Mei 2018, Siku ya Wafanyakazi yenyewe.

22. Na yule askari aliyesimama langoni, yeye anaweza kugoma?

Hapana. Kifungu cha 24(5) cha Katiba kinaruhusu sheria kuwapunguzia maafisa wa polisi haki za Kifungu cha 41, na hawana chama cha wafanyakazi. Swali hili huulizwa sana na wafanyakazi waliokaa naye nje saa nane mfululizo, juani, yeye akiwa hajala.